Kivuli Tulichosimamisha Jangwani

Riverdale Park, Maryland
Septemba 1998

Mama yangu mpendwa,

Shikamoo. Habari za hapo Tabora? Goti bado linakusumbua, au ile dawa ya kuchua imesaidia? Mimi mzima, nimerudi juzi. Nisamehe kwa kimya cha mwezi mzima. Nilikokuwa hakuna simu wala posta.

Bosi wetu wa karakana ya maturubai alipata kazi jimbo la Nevada, mbali sana na huku. Kule jangwani watu hujenga mji wa maonyesho ya sanaa, wakakaa wiki moja, kisha wakaubomoa wote. Mimi na Otieno, Mkenya ninayefanya naye kazi, tulitangulizwa kusimamisha vivuli vya maturubai kabla wageni hawajafika. Mama, ardhi ile nyeupe pee, hakuoti hata jani. Vumbi linaingia mpaka ndani ya cherehani. Visigino vilinipasuka, nikawa naviosha kwa siki, maana vumbi lile kali kama magadi.

Siku moja upepo ukaja ghafla, Otieno yuko juu ya ngazi anafunga kamba. Nikasikia paa! Turubai likamfunika, akaanguka nalo, na vumbi likafunga kila kitu. Nikatambaa nikimwita. Moyoni nilijua ni mshono wangu. Upande ule niliushona nimechoka, wala sikuukagua.

Nilimkuta amekaa, anatema mchanga.

"Umeumia?"

"Ni mkono tu. Wacha kulia, dada. Hebu cheki hiyo mshono yako."

Nikaupapasa kutoka pindo hadi pindo. Mzima! Kilichokatika ni kamba. Nilicheka huku machozi yananitoka. Daktari wa kambini akasema mkono umeteguka tu, haukuvunjika.

Tukasimamisha upya kwa kamba nene. Wageni walipofika, nilimwona bibi mmoja amejilaza chini ya kivuli chetu, kofia usoni, anakoroma, na nje jua linachoma. Nikatamani ungekuwa wewe.

Nisalimie shangazi, mwambie kitenge chake nimekipata. Mdogo wangu Sefu asiache shule. Na jirani anayekusomea barua hii, pole yake kwa mwandiko wangu.

Sasa acha wasiwasi, mama. Nimeoga mara tatu, na maji bado yanatoka meupe.

Ni mimi mwanao,
Mwajuma