Mshumaa Mwekundu Wenye Jina la Shoga Yangu

Alhamisi. Jua la leo Kariakoo lilikuwa la kukaanga mihogo bila mafuta, umeme ulikatika tangu asubuhi, na mimi niliamka na roho nyeusi kama sufuria ya mama ntilie.

Wivu, shajara yangu. Tusizungushane. Nina wivu.

Na si wivu wa mwanaume. Huo nilishaumaliza, mume wangu akichelewa kurudi namwombea tu asisahau mkate. Huu ni wivu wa shoga. Ukiwaambia watu mumeo kachukuliwa, watafunga vitenge viunoni waje kukusaidia kupigana. Ukiwaambia shoga yako kachukuliwa, watakuuliza una umri gani.

Kwa wageni wa ukurasa huu: mimi ndiye Mama Puto. Nauza mapambo ya sherehe, maputo, riboni, maua ya plastiki, mishumaa ya keki. Ukiona ukumbi umependeza kuanzia Upanga mpaka Kigamboni, ulizia, kuna mkono wangu. Shule niliishia darasa la saba, lakini Guangzhou nimeingia, Dubai nimelala, na Istanbul nilikunywa chai uwanja wa ndege, kwa hiyo naihesabu. Rangi ndiyo kazi yangu. Harusi ya Kichaga nakuwekea dhahabu, ya kwetu Lindi nakuwekea kijani na pinki za kupiga kelele, na bibi harusi aliyesoma sana anataka rangi ya vumbi, eti ndiyo ya kisasa. Namwekea vumbi lake.

Sasa mimi, mwenye rangi zangu zote hizo, ndiye nimeangushwa na mwanamke anayeuza rangi.

Nianze vizuri. Jirani yangu ukuta kwa ukuta ni muuza vitenge, mtu wa Kilwa. Nitamwita Tausi. Siyo jina lake, na kwa nini nimemficha mtaona. Kati yetu kuna ubao mwembamba tu, akipiga chafya huko mimi huku nasema pole. Akienda kuswali namshikia duka, nikienda bandarini ananishikia langu. Na mchana tunakula sahani moja. Sahani hiyo ndiyo inatuambia habari. Sisi hatuulizani "una nini?" Tunatazamana mikono. Nikimwona anamega tonge dogo dogo, anazungusha wali bila kuupeleka mdomoni, najua nyumbani kwake hakujakaa sawa, naanza kumchimba mpaka aseme.

Siku za karibuni sahani imekaa kimya. Tausi kaanza kupanda juu.

Juu kwenye jengo letu kahamia dada mmoja wa Rombo, nitamwita Glory. Kafungua duka la mishumaa ya rangi. Si ya umeme ukikatika, hapana. Ya mambo. Mganga wa bibi yangu alikuwa na rangi tatu tu, nyekundu, nyeupe na nyeusi, na watu walipona au walikufa na hizo hizo. Glory ana rangi kama duka la vifaa vya ujenzi. Kajifunzia kwenye simu, kwa wazungu wenye pete vidole vyote, na wateja wanapanda ngazi mpaka ngazi zinalalamika. Wanawake wa ofisini wenye viatu virefu! Hao mimi nawapata siku ya birthday tu.

Wiki iliyopita nilipanda kupeleleza. Nikajifanya natafuta choo.

"Shikamoo mama," akaniambia.

Mama! Mwanamke nina nyusi za kuchora na kucha za Dubai. Marahaba ilinikwama kooni kama mwiba wa kibua, lakini niliitoa.

Akanielekeza kwa upole, nao upole wake ukaniudhi zaidi. Kijani ni riziki, njano ni akili ya mtihani, buluu ni amani ya nyumba, nyeusi ni kusukuma mabaya, pinki ni urafiki, nyekundu ni mapenzi. Unachora jina la mtu kwenye mshumaa kwa sindano, unaupaka mafuta, unauwasha, unasema haja yako. Kuna na upande wa kuanzia kuchora, alinieleza, ila hapo nilikuwa nimeshaacha kusikiliza. Nilikuwa naangalia boksi chini ya meza yake. Boksi lile nalijua! Ni mishumaa ileile ninayoleta mimi. Kwangu inapulizwa na mtoto wa chekechea, kwake inaita bahati. Kama huo si uchawi basi uchawi haupo.

Halafu nikaona kiti. Kiti cha plastiki, kona ya dirishani. Na mgongoni mwa kile kiti, mtandio wa Tausi, umetundikwa kama nguo ya mwenye nyumba.

Nikashuka ngazi bila kuaga.

Leo mchana ndio nikalipuka. Wali umekuja na samaki wa kupaka, kichwa kikubwa, na kichwa cha samaki ndicho Tausi anachopenda kuliko waume wote aliowahi kuwaona. Nikaweka sahani katikati. Akachungulia, akasema, "Kula tu shoga yangu, mimi napanda juu kidogo."

Anamwacha samaki! Kwa ajili ya Glory!

Sikula. Nilifunika sahani, nikakaa nalitazama puto lililoandikwa Hongera.

Nitasema ukweli wangu hapa, mnicheke. Niliingia nyuma kwenye maboksi nikatafuta mshumaa wa pinki. Pinki zimeisha, msimu wa birthday. Nikachukua mwekundu, nikajiambia mapenzi ni mapenzi. Nikachukua pini ninayobania vitambaa vya ukumbini, nikachora jina la Tausi, herufi moja moja, kama naandika barua kwa mara ya kwanza. Mafuta sikuwa nayo, nikapaka ya nazi ninayopaka miguu. Nikauwasha juu ya kifuniko cha kopo. Nikauambia: mrudishe. Basi. Sikuwa na maneno ya wale wazungu wa pete.

Nyie, nimewasha mshumaa Kariakoo. Mchana kweupe. Ndani ya duka lenye maputo, riboni na maua ya plastiki. Mtu mwenye safari zote zile!

Mara akaja mteja mbele, mama anatafuta mapambo ya mtoto wake. Nami nikianza kusimulia Guangzhou, mnanijua. Nikasahau nyuma kuna nini.

Hapa kwetu harufu ya kuungua haiulizwi mara mbili. Watu wanakimbia kwanza, maswali baadaye. Tausi alikuwa anashuka ngazi. Akanusa. Nilichoona mimi ni mwanamke anapita ubavuni mwangu kama pikipiki, ana ndoo yetu ya kunawia, na nyuma nikasikia chwaa!

Nikamkimbilia. Riboni moja ilikuwa imeanguka karibu na moto, ncha yake imeshajikunja. Dakika chache tu na nisingekuwa na duka, wala yeye, wala pengine wote wa mstari wetu. Tausi kasimama na ndoo tupu, kalowa mpaka magotini. Ameinama kuokota mshumaa.

Akasoma.

Kwa Glory nyekundu ni mapenzi. Kwetu sisi watu wa kusini, jina lako kwenye kitu chekundu kilichofichwa nyuma ya maboksi ya mtu ni damu. Ni kaburi, na mimi kwa wivu nilisahau. Hakuna anayesubiri maelezo.

"Saida," akasema, "nimekukosea nini?"

Saida. Huniita Mama Puto, au shoga, au wee kichaa. Saida ni jina langu la benki na la msibani.

Nje watu wameshaanza kujaa. Muuza kahawa, wabeba mizigo, yule mteja wangu. "Kuna nini huko?" "Moto?" Tausi angenyanyua ule mshumaa tu, angesema neno moja tu, mimi leo ningekuwa mchawi wa Kariakoo. Nani angeninunulia puto?

Tausi akauficha mshumaa ndani ya kitenge chake. Akatoka mbele, akawaambia, "Riboni tu, imezimika. Nendeni kazini, hapa hakuna filamu." Akashusha pazia. Akarudi kusimama mbele yangu akilia.

Anaamini nimemroga. Na bado ananifichia.

Niliongea kama redio iliyopandwa na shetani. Nikamwambia yote, kiti, mtandio, samaki, pinki zimeisha, mapenzi ni mapenzi. "Nilikuwa nakuita urudi!"

"Nirudi wapi? Si niko hapa ukutani?"

"Unapanda kwa Glory kila siku! Anakuwashia mishumaa gani ambayo mimi sina?"

Akajifuta pua. "Mimi mishumaa yake hata rangi sizijui. Napanda kukaa. Kule kuna kiti, kuna dirisha, na kuna mtu anayenyamaza."

"Na mimi je?"

"Wewe?" Akacheka huku machozi yanashuka. "Mama Puto, nilikuambia nina jipu. Kufika mchana muuza kahawa ananiuliza, dada, limeiva?"

Muuza kahawa nilimwambia kwa nia njema, jamani. Nilidhani anajua dawa.

"Nina jambo kubwa kuliko jipu," akasema. "Nilitafuta pa kuliweka. Wewe nakupenda, lakini wewe ni kipaza sauti."

Iliniuma kuliko mtandio kwenye kiti. Nilikuwa namwonea wivu Glory kwa mishumaa, kumbe kwa Tausi yeye hauzi chochote. Ananyamaza tu. Kitu pekee ambacho sijawahi kuleta kutoka China.

Tulikaa chini kwenye maboksi yaliyolowa. Nikafunua sahani. Wali umepoa, mchuzi umeganda. Nikamsogezea kichwa cha samaki. Sikumwuliza kitu. Wallahi nilijing'ata ulimi, ulikuwa unaruka mdomoni kama kambare. Akamega tonge dogo. Akamega jingine. Halafu, bila kuniangalia, akaniambia.

Na hapa ndipo mlipokaa mkao wa kula, nawajua. Ukurasa huu umewalea vibaya. Mmeshazoea Mama Puto akisikia asubuhi, nanyi mnasoma jioni.

Sitaandika.

Aliniambia niandike ya kwangu yote, wivu, pini, ndoo, hata jipu kaniruhusu, lile lilishapona na lilishakuwa la umma. La kwake niache. Nimeliacha. Wala msinitumie ujumbe pembeni, na usijidanganye kwamba wewe ni rafiki yangu sana, utaambiwa. Hutaambiwa.

Saa ya kufunga Glory akashuka kumletea Tausi mtandio wake. Akaona kile kipande cha mshumaa juu ya meza. Akakigeuza geuza, akakunja uso.

"Mama, hii nani kachora? Jina limeanzia kwenye utambi linashuka chini. Huu ni wa kumfukuza mtu aende mbali kabisa. Wa kumwita unaanzia chini unapanda."

Tausi alicheka mpaka akashika ubao wetu asianguke. Mimi nikamwambia Glory, mwanangu, mimi nilimfukuza kwa maandishi na amekuja mbio na ndoo. Kaandike hiyo kwenye simu yako, wafundishe wazungu.

Akacheka na yeye. Ana vishimo mashavuni, mshenzi. Nikampa boksi la maputo ya rangi ya vumbi apambe lile dirisha lake, maana duka la rangi na pazia limepauka, aibu ya jengo zima.

Lakini msidhani wivu umeisha. Upo, umekaa hapa kifuani umekunja nne. Glory alilijua jambo la Tausi kabla yangu. Wiki nzima alijua, mimi nikiwa naonyesha kucha. Hilo sitalisahau upesi, na sijui kama kuna rangi yake.

Kesho Tausi ana mahali pa kwenda, na kaniomba nimsindikize. Mimi, siyo Glory. Hatapenda nimwambie mtu ni wapi. Njiani nitatamani kusimulia Istanbul ili asiogope, na nikishamaliza Istanbul nitatamani kumwuliza maswali, na tukikutana na mtu tunayemjua nitatamani kufa.

Nitamshika mkono tu. Ee mdomo wangu, siku moja tu, utaweza?