Mafundi Cherehani na Kiapo cha Kurudishiwa Mashine

KIKAO CHA DHARURA

Tarehe: Jumamosi, 14 Juni
Mahali: Nyuma ya duka la vitambaa, wajumbe wakikalia majora, kwa kuwa viti navyo vilibebwa na askari wa manispaa
Waliohudhuria: Mwenyekiti, Mama Pacha, Bwana Lawama, mafundi wengine sita, Katibu
Hakuhudhuria: Mweka Hazina. Hakutoa udhuru, na hatukushangaa.

KUMB. NA. 1: KUFUNGUA
Mwenyekiti alifungua kikao saa tisa alasiri, akaomba watu wasirushiane maneno. Ombi hilo halikudumu.

KUMB. NA. 2: UAMUZI WA HAKIMU
Katibu alieleza kwamba maombi ya kurudishiwa cherehani zilizokamatwa na manispaa yamekwama. Kila fundi alitakiwa aape mashine yake ikoje, ili itambulike bohari. Karibu wote tuliandika "mpya, haina kasoro", kama tulivyozoea kuwaambia wateja. Hakimu alipokwenda bohari alikuta vyuma vichakavu, akasema hizo si mali zetu. Aliyerudishiwa ni Bwana Lawama peke yake, ambaye alijaza ukurasa mzima akiilaumu mashine yake.

Mama Pacha alisema, "Leo mdomo wako umekufaa, shemeji." Bwana Lawama alijibu kwamba hata hivyo wameirudisha bila mkanda.

KUMB. NA. 3: VIAPO VIPYA
Hakimu ametoa nafasi hadi Jumatatu. Baada ya hapo mashine zinapigwa mnada. Iliamuliwa kila mmoja ataje kasoro mbele ya wenzake, Katibu aandike. Mama Pacha alikiri kwamba yake inaruka mishono na mguu umefungwa kwa mpira. Fundi mmoja alicheka, akakumbushwa kuwa zamu yake inakuja.

Ilipofika zamu ya Mwenyekiti, alitaka kikao kiahirishwe. Mama Pacha alimwambia mficha uchi hazai, aseme tu. Mwenyekiti akaeleza kwamba yake haishoni. Haijashona tangu mkewe afariki. Zile suti zilizompa jina zilikuwa kazi ya marehemu. Yeye alipima wateja na kupokea sifa. Siku hizi oda zake huzipeleka kwa mafundi wa mtaa wa pili. Alisema haihitaji kwa kazi, ila hawezi kuiona ikiuzwa kwa kilo. Mama Pacha alimwomba radhi.

Katibu aliuliza, kwenye nafasi ya mwenye mali aandikwe nani. Mwenyekiti alisema aandikwe mkewe. "Mimi niweke chini yake: mume wake, si fundi."

Hapakuwa na mengineyo. Watu walitawanyika saa kumi na moja.

Mwenyekiti: (sahihi)
Katibu: (sahihi)