Asante Niliyoizua

Jumatano, Sib, Oman. Joto mwaka huu limeingia kabla ya siku zake, na kioo cha gari kilikuwa kimejaa mvuke tangu alfajiri. Nimetoka uwanja wa ndege kumsindikiza mgeni, na sina hamu ya kujitazama kwenye kioo chochote.

Nianze na jana. Kampuni yetu inaagiza viungo, na iliki yetu karibu yote inatoka Guatemala. Huku tunajidai nayo kwenye kahawa kama kwamba imeota kwetu Nizwa, kumbe wanaoilima ni Wamaya wa milimani wanaosema Kikekchi, na wao wenyewe wala hawaitumii. Hata hilo nilikuwa silijui, na matangazo ya iliki ninayaandika mimi.

Bosi alimwalika mkulima mmoja aje aonekane na wanunuzi. Akaja Bi Matilde, mama wa makamo, mfupi, na blauzi yake iliyofumwa maua kifuani. Aliletwa na wakala wa kwao. Mpango ulikuwa hivi: yeye aseme Kikekchi, wakala akigeuze Kihispania, mimi nikigeuze Kiarabu. Kihispania nilikiokota miaka niliyokuwa nikitembeza watalii wa meli pale Bandari ya Sultan Qaboos.

Asubuhi kabla ya hafla tulikaa mimi na yeye. Kihispania chake ni cha kuungaunga. Alifundishwa shule kwa fimbo, akichapwa kila aliposikika akisema lugha ya mama yake. Kijijini kwao mpaka leo watoto wanacheza na kugombana kwa Kikekchi, ila mwanawe aliyehamia mjini siku hizi humjibu kwa Kihispania. Nilimwomba anifundishe kusema asante. Bantiox. Nikalirudia neno mpaka akacheka.

Ukumbini akasimama, akasema kwa dakika tano nzima. Hakutabasamu hata mara moja. Mikono yake ilionyesha kitu kinakatwa, halafu kitu kinakauka. Wakala akageuza: anawashukuru sana kwa kununua iliki yake.

Bantiox haikuwemo.

Nilikuwa nimetega sikio nikiingoja, maana ndilo neno pekee la lugha yake ninalolijua. Hata hivyo nilishika kipaza sauti, nikawaambia wanunuzi kwa Kiarabu kwamba Bi Matilde anawashukuru kutoka moyoni. Hilo la moyoni hata wakala hakulisema, nililitia mimi. Watu wakapiga makofi na bosi akanikonyeza.

Ningeweza kumwuliza wakala mbona maneno mengi yamekuwa machache. Niliogopa kumwaibisha bosi mbele ya wateja. Ningependa kuandika hapa kwamba nilipitiwa, lakini blogu hii niliifungua ili angalau mahali pamoja nisijidanganye.

Leo garini tulikuwa wawili tu, wakala kabaki na bosi. Bi Matilde akanieleza polepole, kwa Kihispania chake kile kile, alichokuwa amekisema ukumbini: Nyinyi mnataka iliki ya kijani. Ili ibaki kijani tunaikausha kwenye tanuri, usiku na mchana, kwa kuni. Miti ya mlima wetu imekwisha, na chemchemi tuliyokuwa tukichota maji imekauka. Tukiianika juani hugeuka manjano, nanyi mnaikataa. Naomba mnunue na ya manjano.

Alivuka nusu ya dunia kuomba hilo tu.

Kisha akaniuliza kama nilijua kwamba wakala hakuyasema. Nikamwambia nilijua. Akageukia dirishani mpaka tulipofika. Wakati wa kuagana nilimwambia bantiox, naye akachukua mkoba wake akaingia ndani.

Nikaja moja kwa moja kwa Mama. Mama aliletwa huku kutoka Unguja akiwa bibi harusi, na Kiarabu chake hakijawahi kunyooka. Tangu nikiwa darasa la tatu mimi ndiye niliyemsemea hospitali na maofisini. Nilimsimulia yote huku yeye anatwanga iliki ya kahawa ya alasiri.

"Kwani umeanza jana, mwanangu?" akasema. "Mie nikimweleza daktari robo saa nzima, we unamwambia mguu unamuuma, basi. Nlikuwa nnajua."

Hakusema kwa hasira. Afadhali angegomba.

Kwa kutafuta pa kujificha nikamwuliza kama kahawa yake ingekubali iliki ya manjano. Akaniinamishia kinu nitazame. Ndani mlikuwa na unga wa rangi ya vumbi.

"Ishatwangwa hii. Rangi nani anaiona?"

Finjani iko mbele yangu, imepoa, sijaigusa. Mlima mzima umekatwa miti kwa ajili ya rangi inayoishia kinuni, na aliyekuja kutuambia nilimziba mdomo kwa shukrani zangu mwenyewe.

Kesho asubuhi nitaingia kwa bosi nimwambie maneno yote ya Bi Matilde, bila kupunguza, halafu niwaandikie wanunuzi wote waliopiga makofi. Huenda nikafukuzwa kazi. Huenda wasinijibu. Yeye mwenyewe hatakuwepo kusikia, na hilo siwezi tena kulitengeneza.

Ila Mama yupo chumba cha pili. Naenda kumwuliza alikuwa akimwambia nini daktari.