Binti Yetu Ndani ya Filamu

Mama Zainabu, salaamu. Mimi mumeo, miaka sabini na mbili, niliyewashinda simba wa huko kwetu Namasakata na foleni za sukari, bado mzima hapa Songea. Baridi ya huku inauma lakini haijaniweza.

Ile filamu ya walemavu na mapenzi niliyokuja kuizuia, nimeiona hapa mtaa wa Majengo, ukumbi umejaa. Mwanetu yumo, na magongo yake. Anasema, "Baba hakunipeleka unyagoni. Alidhani mguu ukilemaa basi na moyo umelemaa. Mimi nataka mume, na nimempata." Nikajua leo nimeumbuka. Kumbe watu wakapiga makofi! Mama mmoja akauliza, "Huyo baba yuko wapi?" Nikasimama, maana mimi sijifichi. "Ni mimi. Nilikosea. Mchumba alete mshenga." Zainabu, aliyekaa mbele, akacheka kama ulivyocheka wewe siku nilipokuposa. Mzigo umenishuka kifuani.

Basi mtafute kungwi, amfunde kama wenzake. Mungu akutunze, mke wangu.

Wakikwambia nililia, ni uongo. Muulize kaka yako Rashidi, tulikaa benchi moja. Hata leso aliniazima yeye.