Kashindi, Wameruka Motere Yako

Kashindi, marehemu wangu mukaidi,

Huko uliko nasikia hakuna wisie, yule mutu wa tribinali anayekuja kukamata vitu vya wenye madeni. Basi uko salama. Huku anatutafuta mpaka mu choo.

Ulikufa vizuri, siwezi kukataa. Watu waliimba, wali ulikuwa mwingi, na muchungaji alidanganya juu ya tabia yako bila kutetemeka. Ila ulikufa kabla ya kumaliza deni la motere, ile mashine ya kusukumia mutumbwi. Kati ya ujanja wako wote, huo peke yake ndio sikuweza kukushinda.

Unakumbuka tulivyoenda Kimanga kuichukua kwa mukopo? Ukanikonyeza: "Weka kidole tu, ndugu yangu, ni desturi." Nikaweka. Kumbe desturi ilikuwa: Kashindi asipolipa, nalipa minye.

Ulipokufa, muuzaji akatushitaki, minye na mutoto wako Riziki. Hukumu ya kwanza niliipenda. Mwamuzi alisoma: kwa kuwa aliyekopa ni marehemu, kwa kuwa motere bado iko, iuzwe kwanza; pesa zikipunguka ndiyo waje kwangu. Nilikaribia kupiga makofi. Nilikuwa nimeshindwa, lakini nilijua nimeshindwa kwa nini. Hata mbuzi ya jirani, ukiifukuza mu mihogo, unaiambia kosa lake.

Halafu juzi wisie akaleta amri nyingine. Mustari mumoja: mutumbwi wangu ukamatwe. Motere haikutajwa. Nikaishika ile karatasi kwenye jua kama noti ya bandia. Hakuna "kwa kuwa" hata moja.

Nikamuuliza, "Bwana, mbona wameruka motere?" Akasema, "Mzee, minye nashika tu. Sababu iko kwa mwamuzi." Nikaenda tribinali kwa miguu hii unayoijua. Karani akasema, "Sababu iko mu karatasi." Nikampa karatasi. Akaisoma polepole, akanirudishia kama mutu aliyekuta unywele mu supu.

Sasa mutumbwi umefungwa munyororo kwenye muchanga. Bibi yangu anaenda sokoni na beseni tupu, kusalimia tu wenzake wanaouza samaki wa ndagala. Na motere yako iko inafanya kazi, Kashindi. Naisikia kila asubuhi, kikohozi chake nakijua. Riziki anapita nayo mbali ziwani, ananipungia mukono wa upole, ule wa kupungia wagonjwa. Nilimufuata kwake. Akaangalia miguu yake: "Papa, mambo ya tribinali minye siyajui." Riziki huyu, niliyemufundisha kushona nyavu.

Sikiliza kinachoniuma. Pengine muuzaji alipitisha kitu chini ya meza. Pengine ni Riziki. Pengine, na hapa kalamu inagoma, ni weye. Pengine ulimuandikia mutoto motere ungali unapumua, ukaacha kidole changu peke yake kwenye deni. Wangeandika sababu, ningejua nimukasirikie nani. Hawakuandika, basi nimewakasirikia wote, na weye zaidi, maana hao wengine hawakuwa rafiki zangu.

Nilikuosha mwili kwa mikono hii. Na sasa nalala nikikushuku.

Nimepeleka maombi tribinali. Sikuomba huruma, unajua hainifai. Nimeomba waandike kwa nini wameacha motere na kushika mutumbwi. Karani akacheka: "Mzee, na sababu ikiwa mbaya kwako?" Nikamujibu, "Iandikeni tu. Ikiwa ya kweli, nitawasukumia mutumbwi mwenyewe mpaka mulangoni penu."

Lala, Kashindi, kama unaweza. Nakuahidi sitakuja kaburini kabla hawajaandika. Jina lako likiwa ndani ya sababu yao, nitakuja kukutukana mpaka majirani zako wa hapo waombe kuhamishwa. Lisipokuwa, nitapiga magoti, na weye ndiye utacheka. Ila nikija, nije najua nimefuata nini.

Ni minye, mwenye kidole.