Dhamana Kabla ya Chai

Jumatatu, 9 Juni 2025

Baridi ya kukata mifupa. Lakini maombi yote ya dhamana yameisha kabla ya chai! Romanus, karani wangu, alizoea kuyaweka chini kabisa ya rundo. Jioni ikifika, basi, mpaka kesho. Tangu nihamie Songea nimemgeuza: dhamana kwanza. Leo kanung'unika kwamba chai inapoa. Ipoe! Mtu hajahukumiwa, alale rumande kwa ajili ya chapati zetu?

Acha nijisifu. Hapa hasomi mtu.

Jumatano, 11 Juni

Binti wa Tunduru, Sabra, kesi ya kutukana jirani. Baba yake kaja na wadhamini, barua ya mtendaji wa kijiji haina muhuri. Zamani wangerudishwa Tunduru kuufuata. Nikamwambia Romanus ampigie mtendaji simu. Akathibitisha. Nikatoa dhamana palepale. Mzee alisema Alhamdulillahi mpaka askari wakageuka. Nilivimba kichwa, sikatai.

Kwenye chai, hakimu mwenzangu Abdulatifu akanitania: Dada Lukresia, unashindana na nani? Nikamjibu mbele ya watu: na uvivu wako. Wakacheka. Yeye hakucheka sana.

Ijumaa, 13 Juni

Naandika ofisini, mlango uko wazi.

Faili la kwanza asubuhi, jina la mshtakiwa: Leo. Mdogo wangu, tumbo moja! Fundi pikipiki mtaani Mfaranyaki. Kagombana na mteja, kampiga ngumi, mdomo umepasuka. Wadhamini wawili wapo, barua ina muhuri, mwendesha mashtaka hana pingamizi. Kinachokosekana ni hakimu tu.

Nikasema kwa sauti, ukumbi mzima usikie: huyu ni ndugu yangu, silisikilizi hili, liende kwa Mheshimiwa Abdulatifu. Mdogo wangu akainamisha kichwa. "Sawa, Mheshimiwa." Hakuniita dada. Nilijivunia yule mtoto mpaka machozi yakanilenga. Na mimi mwenyewe nilijivuna, kwa nini nifiche?

Sasa Abdulatifu yuko Namtumbo, kaenda na mawakili kuona shamba lenye mgogoro. Romanus kampigia. Kasema anakuja. Saa ya chakula ikapita. Kapigiwa tena: anakuja. Mimi simpigii. Nikimpigia nitakuwa dada, si hakimu. Huenda analipiza lile jibu langu la Jumatano.

Mama kaja toka Ruhuwiko, kakaa kwenye benchi nje na shuka la Leo mapajani. Nilimwamkia shikamoo, akaitikia. Hakuomba chochote. Kakaa wima kabisa.

Gari la magereza limewashwa; likiondoka, Leo atalala rumande mpaka Jumatatu. Romanus kasimama mlangoni: Mheshimiwa, askari wanauliza, waondoke au wasubiri?

Kila Ijumaa, kwa mtoto wa mtu yeyote, nimejibu wasubiri. Hata sikuwahi kuinua macho. Romanus anajua. Lakini faili hili nimeshalikataa, si langu tena. Mama anasikia. Romanus ananiangalia, anangoja, na mimi nimeinua macho —