Kitabu Katika Katoni ya Kandambili

Alhamisi, Novemba 2006

Nimekiri, na kazi bado ninayo.

Kitabu kuhusu Wameksiko walioko Marekani, alichoniazima rafiki yangu Neema anayesoma chuo kikuu, nilikifungia mwenyewe katika katoni ya kandambili. Nilikuwa nasoma huku napaki. Lori lilikuwa linakuja saa kumi, ikabidi nimwambie Bi Zuhura, bosi wangu hapa Guangzhou, China.

"Wewe karani au mwanafunzi?"

Viza yangu inategemea barua yake. Akaanza kuchana katoni moja moja. Kikatoka katika ya tatu.

"Kina nini hata usahau kazi?"

Nikamweleza: watoto wamezaliwa Marekani, wazazi ndio waliohamia. Wanapiga kura kule, na bado wanaulizwa kwao wapi.

Akaketi juu ya katoni. Binti yake Salma amezaliwa hapahapa Guangzhou, Kichina chake kinatushinda sote, na kila siku sokoni wanamuuliza atarudi kwao lini.

"Kesho baada ya adhuhuri unisomee hapo penye watoto. Kwa Kiswahili, usinitie Kiingereza chako. Na ukikipaki tena, nitakupaki wewe!"

Nimeshatafsiri kurasa mbili. Nataka zisikike vizuri, maana Salma naye atakuwepo.